Wizi wa Filamu na Mshahara wa Mfanya Kazi



Leo twataka kusema juu ya wizi usiovunja mlango. Filamu hutolewa leo, na kesho imekwisha kuibwa na kutiwa katika intaneti, kila mtu aitazame bure.

Tazameni India ya kusini. Huko Kerala, mwaka 2015, filamu ya Kimalayalam iitwayo Premam ilikuwa ingali ikionyeshwa katika majumba ya senema, nakala yake ikaenea katika intaneti ikiwa na alama ya ukaguzi wa serikali. Mwaka 2023 Bunge la India lilikaza sheria: mwizi wa namna hii aweza kufungwa miezi 3 hata miaka 3, na faini isiyopungua rupia laki 3.

Wengine husema, "Hiyo ni mali ya matajiri." Sivyo. Filamu isiporudisha gharama, mwenye mali hatengenezi nyingine, na wa kwanza kukosa kazi ni fundi wa taa, seremala, mshona nguo, dereva na mpishi, ambao wengi wao hulipwa kwa siku. Tena filamu ya lugha ya jimbo moja soko lake ni dogo. Hasara hiyo haina pa kufidiwa.

Na sisi hapa Kenya? Kila mwisho wa mwezi twadai haki ya jasho letu, kisha twaenda dukani kujaziwa filamu za wizi kwa shilingi chache. Ndugu, hiyo ni sawa na kuvunja mgomo wa wenzetu. Adaiye haki yake asile ya mwenziwe.

Umoja ni nguvu.