Dia, Bima na Majeruhi wa Barabarani



Natuchukulie basi litokalo Mbeya kwenda Dar es Salaam, ambalo breki zake zimefeli katika mteremko wa Kitonga, likapinduka. Na ndani yake dereva, aliyeajiriwa na mwenye basi, amevunjika mguu, na mama mmoja mchuuzi wa mchele, aliyeketi nyuma yake, naye amevunjika mguu vile vile. Dereva, maadamu alikuwa kazini, atapeleka dai lake kwa Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, uliotokana na sheria ya mwaka 2008, nao, isipokuwa katika mambo machache mno, haumuulizi ajali ilikuwa taksiri ya nani. Mama hana mlango huo. Yampasa athibitishe mahakamani kwamba kulikuwa na uzembe. Na endapo mwenye basi ataonyesha kuwa breki ziliharibika kwa kasoro iliyojificha, ambayo fundi mwangalifu asingeweza kuigundua, yule mama aweza kurejea kwao mikono mitupu, ijapokuwa basi lilikuwa na bima iliyo hai. Sisemi dereva apunguziwe kitu. Nasema tu kwamba mfupa ni mmoja, na sheria mbili.

Bima ya mtu wa tatu, ambayo kila mwenye gari hulazimishwa kuikata kwa Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, haikuwekwa imlipe kila aliyeumia, bali imkinge mwenye gari na deni la hukumu. Asili yake ni sheria ya Uingereza ya mwaka 1930, nayo ikaacha kanuni ya kale mahali pake: asiye na kosa hana dhima. Kanuni hiyo ilikuwa na insafu pale mkosaji alipolipa kwa mfuko wake mwenyewe. Lakini leo alipaye ni kampuni ya bima, kwa fedha iliyochangwa na maelfu ya wenye magari ambao hawakuwako Kitonga siku ile; basi kuendelea kupekua taksiri ya dereva kabla ya kumtibu majeruhi ni kushika desturi ambayo sababu yake imekwisha kuondoka.

Nao upekuzi wenyewe una mashaka yake. Kwanza ni fomu ya polisi, PF3, ambayo aghalabu jamaa hukimbizana kuitafuta kituoni hali mgonjwa yu machelani. Kisha ni kungoja ripoti ya trafiki. Kisha ni shauri, ambalo halina budi kufunguliwa ndani ya miaka 3, dhidi ya mwenye gari na dereva wake, na hukumu ikipatikana ndipo mwenye bima hudaiwa alipe. Wakati huo wote kodi ya chumba haingoji, wala ada za watoto. Si ajabu, basi, kwamba mtu aliyekwisha kukopa kila mahali hutia saini, au dole gumba, karatasi ya kukiri kuwa amelipwa na hana dai tena, kwa kiasi ambacho wakili wake angekikataa, kama angekuwa na wakili.

Mafakihi wa Kiislamu walilizingatia zamani suala hili la nani abebe mzigo wa madhara yasiyokusudiwa. Mwenye kuua kwa bahati mbaya hakuondolewa dhima kwa kuwa hakukusudia. Lakini dia, yaani fidia ya damu, haikumwangukia peke yake, bali ilibebwa na akila, yaani jamaa zake wa upande wa baba, kwa mafungu ya miaka 3. Mzigo ulitandazwa kabla ya kampuni za bima kuzaliwa. New Zealand nayo, baada ya ripoti ya Jaji Owen Woodhouse ya mwaka 1967, ilianzisha mwezi Aprili 1974 mfuko wa kumlipa kila aliyeumia kwa ajali bila kuuliza kosa, na watu wakaacha haki ya kushitaki kwa madhara ya mwili. Aliyekuwa na ujira hupata asilimia 80 ya ujira wake. Afrika Kusini imechukua nusu ya njia: mfuko wake hulishwa na tozo ya mafuta, illa mdai bado sharti athibitishe kosa la mwingine, na mawakili na madeni vimeuelemea.

Hapa kwetu tayari twalipa tozo katika kila lita ya petroli na dizeli kwa ajili ya Mfuko wa Barabara. Nashauri sehemu ndogo iongezwe, imlipie majeruhi hospitali na posho ya miezi ya kwanza, bila kuuliza taksiri. Halafu mfuko huo, wenye mawakili na wenye kuweza kungoja, ndio umfuate mwenye gari na bima yake mahakamani. Wenye malori watanung'unika, na wana hoja, kwa kuwa nauli zitapanda kidogo. Hata hivyo yuko pia mwenda kwa miguu aliyegongwa usiku na gari lililotoweka, namba yake haikuonekana, ambaye kwa kanuni ya sasa hana hata mtu wa kumshitaki. Huyu Sura ya 169 haina la kumfaa, na tozo ya mafuta inalo, kwa sababu gari lile lililokimbia nalo lilijaza mafuta.