Simu Iliyoachwa na Kiwanda



Katika biashara ya simu za kisasa iko desturi ambayo hapana budi ichunguzwe. Mtu hununua simu kwa fedha zake halali. Baada ya miaka michache kiwanda hutangaza kwamba hakitaitengenezea tena programu mpya. Kioo ni kizima, betri yaweza kubadilishwa, sauti inasikika. Hata hivyo simu huhesabiwa kuwa imekufa. Je, ni kitu gani hasa kilichokufa?

Jibu limekwisha kutolewa kwa vitendo. Mwezi Novemba 2009, kampuni ya HTC ya Taiwan ilitoa simu iitwayo HD2, iliyoendeshwa na Windows Mobile 6.5. Mwaka uliofuata Microsoft ilileta mfumo mpya, Windows Phone 7, na HD2 ikanyimwa. Ndipo wenye ujuzi, bila mshahara wala amri ya kiwanda, walipoishika kazi. Waliipandikiza Android, mfumo ambao simu hiyo haikuundiwa. Na mwaka 2011 wakaitia hata hiyo Windows Phone 7 iliyonyimwa.

Aidha, mwaka 2009 ulianza mradi wa CyanogenMod, ulioifanyia Android marekebisho kwa ajili ya simu za aina nyingi. Mwaka 2013 iliundwa kampuni juu yake. Mwishoni mwa 2016 kampuni ikafunga shughuli hizo. Lakini kwa kuwa msimbo wa programu ulikuwa wazi kwa wote, waliojitolea waliuchukua wakaendelea kwa jina la LineageOS. Kampuni iliondoka, kazi ikabaki.

Hata hivyo, kazi hii ina mipaka yake. Kiini cha Android ni Linux, ambayo leseni yake humlazimu anayeisambaza kutoa msimbo wake. Lakini programu za kamera na redio mara nyingi ni siri ya watengenezaji wa vipuri. Viwanda vingine hufunga simu kwa kufuli la programu. Asiye mwangalifu huweza kuiharibu simu yake kabisa, na baadhi ya programu za benki hukataa kufanya kazi katika simu iliyobadilishwa.

Basi mnunuzi, hasa anunuaye kwa fedha za umma, asiulize bei peke yake. Aulize pia: kiwanda kitaitunza simu hii miaka mingapi, na siku kitakapoiacha, ufunguo atakabidhiwa nani? Mwenye nyumba asiye na ufunguo ni mpangaji tu.