Hewa Safi kwa Kila Wati: Kuchagua Kisafisha Hewa kwa Mwenye Mzio wa Paka na Mbwa



Nimeombwa nizungumzie namna ya kuchagua kisafisha hewa kisichokula umeme mwingi, kwa ajili ya nyumba yenye mtu ambaye paka au mbwa humletea chafya, macho mekundu au kubanwa kifua. Nitaanzia mahali ambapo maelezo ya dukani hayaanzii, yaani dirishani. Kabla ya kuuliza kifaa kipi kinunuliwe, tuulize kama chumba kinafungika. Chumba kisichofungika hakifaidiki na kisafisha hewa chochote, hata kiwe cha bei gani, na kila uniti ya umeme inayoingia humo imepotea. Hilo ndilo ninalolitetea katika mada hii, na hesabu zote zitakazofuata zimesimama juu yake.

Kinachomdhuru mgonjwa

Wengi hulaumu manyoya, lakini manyoya ni mbebaji tu. Kwa paka, kinachoamsha mzio hasa ni protini iitwayo Fel d 1, inayotoka katika mate yake na katika tezi za mafuta za ngozi. Paka hujilamba kutwa. Mate yakishakauka hupukutika pamoja na mba na kuwa vumbi laini mno, na sehemu ya vumbi hilo ni chembe zisizofika mikromita 5, ambazo huendelea kuelea kwa saa kadhaa baada ya paka mwenyewe kutoka chumbani. Mbwa naye ana protini zake, inayojulikana zaidi ikiwa Can f 1, nayo pia ni ya mate na ngozi.

Kule kuelea ndiko kunakokipa kisafisha hewa kazi ya kufanya. Wale wadudu wa vumbi wasioonekana kwa macho, wanaoishi katika magodoro na mito na kustawi katika unyevu wa Pwani, mzio wao hubebwa na chembe nzito zaidi: hutimka unapotandika kitanda, kisha hutua upesi. Mzio wa mende nao ni hivyo hivyo. Mashine huvuta hewa, haifuati kilichotua kwenye shuka. Kwa hiyo, ndugu wahudumu wa afya, kabla mzazi hajatoa fedha zake, ulizeni vizuri, na penye uwezo wa kupima mpimeni mtoto: ni paka anayemsumbua, au ni godoro? Familia inayonunua mashine kwa tatizo la godoro italipia umeme kila mwezi, na mtoto ataendelea kukohoa.

Tuzingatie pia desturi za nyumba zetu. Unguja, Lamu, Tanga na sehemu kubwa ya Dar es Salaam, mbwa hulala nje lakini paka ni mwenyeji wa ndani. Anapendwa, katika nyumba ya Mwislamu anahesabiwa kuwa msafi, na panya wanamwogopa. Kumwambia bibi amwondoe paka wake ni ushauri ambao mara nyingi hautekelezwi, na hata ukitekelezwa, protini ile hubaki katika makochi na mazulia kwa miezi. Ndiyo maana hapa nitamtaja zaidi paka.

Dirisha kabla ya mashine

Nyumba nyingi za Pwani zina madirisha ya luva au ya nyavu, na matundu ya hewa juu ya milango. Waliozijenga hivyo walijua wanachokifanya. Kusi au kaskazi ikipita kutoka dirisha hili hadi la upande wa pili, hewa ya chumba hubadilika kwa saa mara nyingi kuliko mashine ya mezani inavyoweza kuibadilisha, tena bila gharama. Hewa ya nje ina vumbi la barabara na moshi, hilo halikataliki, lakini protini ya paka iliyomo ni kidogo sana ikilinganishwa na ya sebuleni. Ukiwasha kisafisha hewa katika chumba cha namna hiyo, kitachuja hewa ambayo muda si mrefu itakuwa imeshatoka dirishani.

Muuzaji atasema madirisha yafungwe. Dar es Salaam, mwezi wa Februari? Mtu akifunga atahitaji kiyoyozi, na kiyoyozi kidogo cha ukutani hula takriban wati 700 hadi 1,000 kompresa yake inapofanya kazi, wakati kisafisha hewa kizuri cha chumba cha kulala hakihitaji kuzidi wati 40 hivi. Kifaa kilichonunuliwa kwa sifa ya kubana matumizi kikimlazimisha mtu kununua kiyoyozi, kimeshamwongezea mzigo mkubwa kuliko ule wake chenyewe. Nasema bila kuzungusha maneno: asiye na kiyoyozi, anayeishi penye upepo, asinunue kisafisha hewa. Aondoe zulia, kwa sababu zulia hulimbikiza mzio wa paka kuliko sakafu ya saruji au vigae. Apige deki badala ya kufagia kwa ufagio mkavu. Amzoeze paka kutoingia chumba cha kulala, na madirisha yabaki wazi.

Mashine ina mahali pake. Pa kwanza ni chumba ambacho tayari kina kiyoyozi, ambamo hewa ile ile huzungushwa usiku kucha na wavu wa kiyoyozi hauzuii chembe laini. Pa pili ni nyanda za juu. Njombe, Mbeya, Iringa, Arusha na hata Nairobi, mwezi wa Juni na Julai watu hulala wamefunga kila upenyo, na paka au mbwa mdogo ameingizwa ndani kwa ajili ya baridi. Huko kisafisha hewa kinastahili kujadiliwa.

Namba mbili, kisha kugawanya

Kwenye boksi tafuteni herufi CADR. Hicho ni kiasi cha hewa iliyosafishwa ambacho mashine hutoa kwa muda fulani, na kimeshajumlisha uwezo wa feni na ubora wa filta kwa pamoja. Mashine za Marekani hukiandika kwa futi za ujazo kwa dakika, tena kwa namba tatu: ya moshi, ya vumbi na ya chavua. Chukueni ya moshi, kwa kuwa ndiyo ya chembe ndogo zaidi. Bidhaa nyingi zinazotoka China, zikiwemo zinazopitia Dubai, huandika mita za ujazo kwa saa. Futi moja ya ujazo kwa dakika ni mita 1.7 za ujazo kwa saa. Boksi lisilo na CADR lirudishwe rafuni.

Chukueni chumba cha mita 3 kwa 4, chenye dari ya mita 2.8. Ujazo wake ni mita za ujazo 33.6. Tukitaka hewa yote ichujwe mara tano kwa saa, kipimo kilicho karibu sana na kile cha chama cha watengenezaji wa vifaa vya nyumbani cha Marekani, AHAM, tunahitaji mita 168 za ujazo kwa saa, yaani kama futi 100 za ujazo kwa dakika. Hapa ndipo maboksi hupotosha wanunuzi. Utakuta imeandikwa kwamba mashine inatosha mita 60 za mraba, kumbe aliyepiga hesabu amechukulia hewa ichujwe mara moja tu kwa saa. Kwa mwenye pumu anayelala huku vumbi la paka likiingia chumbani, mara moja kwa saa haimsaidii.

Namba ya pili ni wati. Gawanyeni CADR kwa wati za mwendo ule ule, mpate hewa safi inayotolewa na kila wati. Marekani imeweka kiwango cha lazima kwa mashine zinazotengenezwa au kuingizwa nchini humo tangu tarehe 31 Desemba 2025: futi 1.9 kwa wati kwa mashine ndogo, 2.4 kwa zenye CADR ya 100 hadi 150, na 2.9 kwa zinazofikia 150 na kuendelea. Ndivyo vilevile viwango ambavyo alama ya hiari ya Energy Star ilivitumia kuanzia 2020. Kwa vipimo vya mita, sisi tushike kwamba mashine ya chumba cha kulala isitoe chini ya mita 4 za ujazo kwa saa kwa kila wati, na kubwa ikaribie 5.

Kuna faida kubwa hapa ambayo wanunuzi wengi huikosa. Nguvu inayohitajika kuzungusha feni hupanda haraka mno kadiri mwendo unavyoongezeka, takriban kwa kipeo cha tatu. Ukipunguza mwendo kwa nusu, kinadharia nguvu inabaki moja ya nane. Kiuhalisia punguzo ni dogo kuliko hilo, kwa kuwa saketi na taa nazo zinakula, lakini bado ni kubwa. Kwa hiyo mashine yenye CADR ya mita 300 za ujazo kwa saa ikiendeshwa mwendo wa kati katika chumba chetu hutumia umeme mdogo, na hutoa kelele ndogo, kuliko ya 170 inayokimbizwa mwendo wa mwisho usiku kucha. Kelele ni jambo zito: mashine inayomnyima mtu usingizi huzimwa saa sita za usiku.

Hesabu ya LUKU

Mashine ya wati 42 ikiwaka saa 24 kwa siku 30 inakula uniti 30. Kwa bei ya shilingi 292 kwa uniti kabla ya kodi na tozo, iliyowekwa Aprili 2016 kwa wateja wa kawaida wa TANESCO, shirika la umeme la Tanzania, hizo ni shilingi 8,800 hivi. Kwa mwenye kiyoyozi hilo halitaonekana. Lakini fikirieni familia ya Njombe iliyo katika kundi la matumizi madogo, ambalo kwa viwango hivyo hivyo hulipa shilingi 100 kwa uniti mpaka uniti 75 kwa mwezi. Uniti 30 ni asilimia 40 ya mgao huo. Zikiwavusha 75, kila uniti ya ziada ni shilingi 350, na wakiendelea hivyo wanaweza kuhamishiwa kundi la 292 kwa uniti zote. Mashine ya wati 15, ikiwaka saa 10 za kulala tu, inakula uniti 4.5 kwa mwezi. Hiyo familia inaweza kuibeba.

Mafundi msiamini maandishi ya boksi peke yake. Mita ya LUKU, ile ya kulipia umeme kabla ya kuutumia, ina taa inayomweka, na pembeni pameandikwa idadi ya mimweko kwa uniti. Palipoandikwa 1000 imp/kWh, mweko mmoja ni wati-saa moja. Zimeni kila kitu ndani, acheni mashine peke yake, mpime sekunde kati ya mweko na mweko. Gawanyeni 3,600 kwa sekunde hizo, mmepata wati. Sekunde 90 ni wati 40. Dakika sita ni wati 10. Rudieni kwa kila mwendo wa feni, mwandike matokeo kwenye karatasi mbandike nyuma ya mashine.

Wati chache zisizosafisha kitu

Zipo mashine zinazouzwa kwa sifa kwamba hazina filta na hula wati tano tu. Nyingi hutoa ioni, na baadhi hutoa ozoni, kwa makusudi au bila kukusudia. Ozoni hukera mapafu, na mwenye pumu ndiye huumia zaidi. Jimbo la California haliruhusu kuuzwa kisafisha hewa cha nyumbani kinachotoa zaidi ya sehemu 0.050 kwa milioni. Ile harufu kali wanayoiita ya usafi, inayofanana na ya baada ya radi, ni dalili ya kuzima mashine mara moja.

Upande wa pili ni wale wanaotoza zaidi kwa filta ya H14, daraja la juu la HEPA. Filta ya HEPA ya Marekani inatakiwa kunasa asilimia 99.97 ya chembe za mikromita 0.3, na ukubwa huo ulichaguliwa kwa sababu ni miongoni mwa zilizo ngumu kunaswa. Vumbi la paka kwa sehemu kubwa ni kubwa kuliko hapo. Filta nzito kupita kiasi huongeza ukinzani, feni ikahitaji nguvu zaidi kusukuma hewa ile ile. Kaboni hupunguza harufu ya mkojo wa paka, lakini protini haiigusi.

Tusiahidi pia kupita uwezo wa kifaa. Mwaka 1998 watafiti wa Johns Hopkins walichapisha jaribio lililolinganisha mashine za HEPA na za bandia katika vyumba vya wenye mzio wa paka kwa miezi mitatu. Mzio wa hewani ulipungua, lakini ule uliotua katika vumbi haukupungua, wala dalili za wagonjwa hazikuonyesha nafuu ya wazi. Mwaka uliofuata, jaribio la Uholanzi kwa watoto wenye pumu na wanyama nyumbani lilionyesha njia zao za hewa zimekuwa na nafuu. Kwa hiyo mashine ni nyongeza ya deki, ya mlango uliofungwa na ya dawa alizoandika daktari. Mgonjwa asiache kivuta pumzi chake kwa sababu amenunua HEPA.

Kabla ya kulipa

Filta hubadilishwa kati ya miezi sita na mwaka, na penye vumbi la barabara ya udongo mapema zaidi. Muulizeni mwenye duka la Kariakoo kama filta ya modeli ile anayo leo, na ni shilingi ngapi. Asipokuwa nayo, mteja anaishia kuiosha kwa maji filta ya karatasi, ambayo ikishalowa imeharibika. Wavu wa mbele, unaonasa manyoya, ndio wa kusafishwa kila baada ya wiki mbili, kwa sababu ukiziba hewa hupungua. Mashine iliyoletwa na ndugu kutoka Marekani ya volti 120 isichomekwe kwenye 230, na transfoma ya kuishusha nayo hula umeme wake hata mashine ikipumzika.

Kwa wenye maduka ninapendekeza jambo moja tuliafiki leo: kando ya bei, kila kisafisha hewa kiandikwe CADR yake kwa mita za ujazo kwa saa, wati zake kwa mwendo wa kati, na bei ya filta. Mafundi waliopo hapa wanaweza kuvipima vilivyo rafuni kwa njia ya mimweko niliyoeleza, kuanzia vya duka la kwanza litakalokubali.