Kicheko Kilichotangulia Kura

Ndugu waumini, nanyi wapenda mageuzi wa Kisii na Nyamira,

Baadhi yenu mmeniuliza mlangoni kwa nini nije kuzungumzia vichekesho katika ukumbi wa kanisa. Nitajibu kwa kumtaja mtu wa kwetu.

Walter Mong'are, ambaye Kenya nzima humwita Nyambane, alikuwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Kenyatta pamoja na John Kiarie na Tony Njuguna walipoanzisha Redykyulass. Mwishoni mwa miaka ya 1990 walimwigiza Rais Moi katika televisheni, akiwa bado madarakani. Mnaokumbuka mlolongo wa 1988 mnaujua uzito wa jambo hilo. Siku ile mstari mrefu ulishindwa na mfupi mchana kweupe, nasi tukarudi nyumbani kimya. Kifungu cha 2A kilifutwa Desemba 1991, lakini hofu haifutwi na Bunge. Ilianza kututoka pale mtoto alipoiga sauti ile sebuleni, na baba yake akacheka badala ya kukimbilia kufunga dirisha.

Kabla yao wengine walikwisha kulipa. Mwaka 1982 mchezo wa nyimbo wa Ngũgĩ wa Thiong'o, Maitũ Njugĩra, ulifungiwa milango ya Jumba la Michezo la Taifa, na ukumbi wa Kamĩrĩĩthũ ukabomolewa. Wakubwa walielewa jambo ambalo sisi tunalipuuza: hotuba kama hii yangu huishia mlangoni, bali wimbo humfuata mtu hadi shambani.

Abagusii hatuna haja ya kufundishwa hayo. Mpiga obokano husifu na kuchoma kwa nyuzi zilezile nane. Mbona basi akichekwa mkubwa wa mbali tunashangilia, na akitajwa wa kwetu ukumbi unanyamaza? Aprili 2025 wasichana wa Butere walifika Nakuru na mchezo wao, Echoes of War, ingawa Mahakama Kuu ilikuwa imeagiza waruhusiwe, wakakuta polisi na gesi ya machozi. Waliimba wimbo wa taifa, wakaondoka.

Vijana wa hapa wametunga igizo la nyimbo kuhusu siasa za kaunti. Wameambiwa walete kwanza maandishi yapitishwe. Yapitishwe na nani, wazee wangu, na kwa sheria ipi? Nawaomba muwape ukumbi huu Jumamosi, baada ya jua kutua kwa ajili ya ndugu zetu Wasabato. Mimi nitaketi safu ya mbele, maana nimedokezewa kwamba nami nimo.