Barabara Si Kisingizio Tena



Nimeombwa niseme machache kuhusu barabara ya Dodoma, hii inayopita hapa Kihesa. Mimi ni mhasibu, si mhandisi. Kwa hiyo nitaisema kama hesabu: tulichopokea, na tunachodaiwa.

Barabara hii ni kipande cha ile njia ndefu ambayo Waingereza waliiota ikitoka Cape Town hadi Cairo. Kwetu inaingilia Tunduma, inapita Mbeya, Iringa, Dodoma, Babati na Arusha, na kutokea Namanga. Enzi za ukoloni ilikuwa mlango wa Iringa kwenda kwenye reli ya kati. Ukitoka Kihesa unapita Nduli, unateremka Nyang'oro, unaziacha Izazi na Migori, unavuka Mtera juu ya bwawa, kisha unapanda Fufu hadi Dodoma. Ni kama kilomita 260.

Mwanzoni mwa miaka ya 1970 lami ya kutoka Dar es Salaam kwenda Zambia ilikamilika, na mji wetu ukageukia upande wa Ipogolo. Mwaka 1973 ikaamuliwa Dodoma iwe makao makuu, lakini njia ya kwenda huko ikabaki vumbi kiangazi na tope masika.

Tope hilo nalijua. Mwaka 1999 nilikuwa nasoma Dodoma. Ujumbe ulikuja kwa simu ya dukani kwamba baba amefariki. Nilipanda gari alfajiri. Mvua ilikuwa kubwa, tukakwama chini ya Nyang'oro, tukalala hapo hapo. Nilipofika Kihesa kesho yake jioni, wazee walikuwa wanakunja mikeka. Baba alishazikwa. Hakuna aliyenilaumu. Kila mmoja alisema, "Ni barabara, mwanangu."

Baadaye lami ikaja kwa fedha za Serikali, Benki ya Maendeleo ya Afrika na Japani. Mwaka 2018 Rais Magufuli akaifungua rasmi sehemu ya Iringa, Migori hadi Fufu. Leo natoka Dodoma asubuhi, na chakula cha mchana nakula kwa mama.

Sasa upande wa madeni. Nimepekua shajara yangu ya miaka mitano. Nimekuja nyumbani mara saba. Mara sita ni misiba, na mara moja harusi. Nimelala usiku mmoja tu. Mwaka jana mama aliniuliza, "Barabara mliyokuwa mnailalamikia si ndiyo hii?" Sikuwa na jibu, na nadhani wengi wenu mliotoka mijini hamna pia.

Ndugu zangu, lami ile ni ya TANROADS, wala haikututoa jasho. Lakini shuka mita mia chache kutoka kwenye lami uingie mitaani kwetu wakati wa masika. Bajaji hazishuki. Mgonjwa anabebwa mgongoni mpaka barabarani. Foleni ya maombi TARURA ni ndefu, na mvua haisubiri foleni. Ndiyo maana chama kimechagua mwaka huu kujenga mitaro na makaravati katika njia hizo. Mawe, Iringa tunayo. Mafundi ni vijana wetu. Kinachopungua ni saruji, nondo na sisi wenyewe.

Kwa hiyo naomba vitu viwili. Kwanza, mchango, kila mtu kwa uwezo wake. Pili, siku mbili za kuja kufanya kazi na kulala nyumbani. Mwakani hesabu zitasomwa hapa hapa, shilingi kwa shilingi, na majina ya waliokuja yatasomwa pia.

Nisiwe wa kusema tu. Nilikuwa nadaiwa ada ya chama ya miaka miwili. Nimeilipa asubuhi hii, na risiti ninayo mfukoni. Leo ninalala kwa mama.