Unaidai Halmashauri? Anza na Notisi

Msikilizaji wa Shishiyu, Maswa na Bariadi, ulipeleka mchanga na mawe ya kujengea darasa. Mzigo ukapokelewa. Malipo? Njoo kesho, njoo kesho.

Mahakamani unaweza kwenda. Lakini kwanza, notisi ya siku 90, yaani barua ya kusema unakusudia kushtaki. Tangu mwaka 2020, Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali inazigusa halmashauri pia.

Notisi hiyo mwandikie mkurugenzi wa halmashauri. Taja unadai kiasi gani, na kwa mkataba upi. Ambatanisha nakala za mkataba na hati ya mapokezi. Zile halisi, baki nazo. Nakala ya notisi ipeleke kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na nyingine kwa Wakili Mkuu wa Serikali. Kila unapokabidhi, omba muhuri na tarehe. Usione haya kuomba.

Wakikuita mzungumze, nenda. Mkikubaliana, iandikwe.

Siku 90 zikiisha kimya, fungua shauri Mahakama Kuu. Si Mahakama ya Mwanzo. Mwanasheria Mkuu naye aunganishwe; ukimwacha, shauri litaharibika.

Narudia: notisi kwanza, siku 90, ndipo Mahakama Kuu.

Huna fedha za wakili? Ulizia msaidizi wa kisheria kwenye ofisi ya maendeleo ya jamii wilayani kwako.