Mchezaji Aliyegeuka Mwalimu



Twapenda kuwatajia Heiner Brand, Mjerumani wa mji wa Gummersbach, mchezaji wa mpira wa mikono. Mwaka 1978 yeye na wenzake wa Ujerumani Magharibi walitwaa ubingwa wa dunia, wakiushinda Muungano wa Kisovieti 20 kwa 19. Alipoacha kucheza hakujifungia na ujuzi wake; aliufundisha. Mwaka 2007 vijana wake wa Ujerumani walishindwa kwanza na Polandi, kisha katika fainali mjini Köln wakawashinda Wapolandi wale wale 29 kwa 24. Ubingwa wa pili huo aliupata kwa mikono ya wanafunzi wake.

Nasi tunao wazee waliostaafu na ujuzi wao. Twawasihi: vijana wetu wanawangoja.